Obeliski ya Kipilefti cha Kagongwa

Novemba 4

Mdogo wangu wa kiume, Selestine, amerudi kutoka hija ya Roma. Alikwenda na wenzake wa parokia, amerudi na rozari za kugawa, mafua, na macho ya mtu aliyeona zaidi ya wengine. Hata shikamoo ameisahau kwenye ndege. Alisimama mlangoni kwangu, akavuta pumzi, akasema, "Dada, kuna mambo duniani." Nikamwambia ndiyo, na mojawapo ni kupangusa viatu kabla ya kuingia.

Novemba 7

Leo nimeelezwa mambo yenyewe. Kumbe ni mawe.

"Kule kila uwanja una jiwe moja refu, Dada. Limesimama wima, ncha imechongoka, juu kuna msalaba. Yanaitwa obeliski."

Mimi nilifundisha historia sekondari Shinyanga mpaka nywele zikawa nyeupe. Selestine alirudia darasa la saba. Lakini nimekaa kwenye kochi langu mwenyewe nikifundishwa Misri na mtu huyo huyo, huku akinywa chai yangu.

"Yalitoka wapi hayo mawe?" nikamuuliza.

"Misri. Wafalme wa Kirumi waliyaleta kwa meli."

"Wamisri waliombwa?"

"Na wewe Dada. Wangeombwa vipi na walishashindwa vita?"

Alisema hivyo bila hata kukohoa. Roma leo ina obeliski nyingi zilizosimama kuliko Misri yenyewe, na yeye anaona hilo ni jambo la kusifu. Sisi wa huku, ambako dhahabu imeondoka na mashimo yamebaki, mtu anakwea ndege mpaka Ulaya kwenda kuwapigia makofi waliochukua. Ukistaajabu ya Musa utaona ya Firauni.

Novemba 8

Bado anaeleza.

Novemba 15

Kamati ya Kuipendezesha Kagongwa imekaa. Mwenyekiti wake ni Selestine. Tangu iundwe haijapendezesha hata choo cha stendi, lakini leo wamekubaliana wote kwa kauli moja kwamba Kagongwa ipate obeliski yake, na isimamishwe katikati ya kipilefti, ule mzunguko wa barabara, mbele kabisa ya nyumba yangu.

Kwa sasa kipilefti hicho kina matairi yaliyopakwa chokaa na mbuzi wa Mwahija. Mwahija ni jirani yangu mwenye mgahawa. Babu yake alitoka pwani, ila yeye bahari ameiona kwenye kalenda tu. Nilimpasha habari wakati anakanda unga wa chapati.

"Mwalimu, hilo jiwe litakuwa linakula?" akaniuliza.

"Halili."

"Basi afadhali. Wenzake wote tuliowahi kuletewa walikuwa wanakula."

Mwahija ndiye mtu pekee mtaa huu anayenifanya nisihame.

Novemba 19

Mvua hakuna. Vumbi tu, na Selestine.

Novemba 22

Nimejua jiwe litakakotoka, na usingizi umenipaa. Ni la kijijini Samuye, la nyumbani kwa Shangazi Limi.

Jiwe hilo halikuchongwa na mtu. Mungu mwenyewe aliliacha limesimama pembeni ya ua, jembamba, refu kuliko paa la nyumba, na babu yetu alipofika na ng'ombe wake alijenga pale kwa sababu yake. Shangazi huanika mtama chini yake, hufunga ndama, na akichoka huliegemea. Baba alipofariki, shangazi alikaa ameliegemea mpaka tukamshawishi aingie ndani. Ndilo hilo Selestine anataka liletwe kutazama malori.

Nimemwambia ni wizi. Amesema nina wivu kwa kuwa sikwenda Roma.

Novemba 24

Tumetoka Samuye. Nilikwenda ili nimwone Selestine akifukuzwa.

"Shikamoo, Shangazi."

"Marahaba. Mmekuja na njaa au na maneno?"

Selestine akaanza. Roma, Papa, Misri, watalii watakaokuja Kagongwa, jina la babu litakaloandikwa kwa rangi ya dhahabu. Shangazi alikuwa anapepeta mtama, hakuinua uso. Nilikuwa nikingoja ungo umfikie kichwani. Alipomaliza, shangazi akamuuliza swali moja.

"Wewe unalitaka sana?"

"Sana, Shangazi."

"Basi chukua. Mimi ninakaribia kwenda, na nikienda mtaligombania. Lakini litoke hapa kwa nyimbo, na liimbiwe mpaka litakaposimama huko. Anayeondoka kwa watu kimyakimya ama ameiba ama amefukuzwa. Jiwe langu halijafanya hata moja."

Selestine akaapa. Alipiga magoti kabisa kwenye vumbi na suruali yake ya Roma. Mimi nilibaki nimeshika bakuli la maziwa kama mpumbavu. Njiani kurudi hakuacha kupiga mluzi, na mimi sikumsemesha mpaka Kagongwa.

Novemba 30

Matone machache jioni. Mbuzi wa Mwahija wamekula chokaa ya matairi.

Desemba 6

Wamelipakia jiwe leo. Nitaandika nilivyoona, japo sipendi.

Waliolitoa ni basumba, kile kikundi cha vijana wa kijiji wanaolima na kujenga kwa zamu, leo kwako kesho kwangu, na mwenye kazi huchinja. Kiongozi wao, nsumba ntale, ni Mayala, mjukuu wa Shangazi Limi, kijana mrefu mwenye aibu asiyeweza kuomba chumvi mezani. Nilimdharau nilipomwona. Nikajisemea, huyu naye ataongoza nini.

Kumbe huyo hasemi kwa sababu sauti yake anaitunza. Alipoanzisha wimbo, wenzake wakaitikia, na kwenye kiitikio kamba ikakaza kwa wote pamoja. Hakuna aliyehesabu wala kupiga filimbi. Mayala akiimba polepole, jiwe linatembea polepole juu ya magogo. Akinyamaza, linasimama. Shangazi alikuwa nyuma yao anapiga vigelegele, na jiwe likapanda kwenye lori lenyewe kama ng'ombe anayejua zizi lake.

Wameimba njia nzima. Niliketi mbele na dereva, nikajikuta mguu wangu unagonga. Niliukanya.

Desemba 8

Jiwe limelazwa kwenye kipilefti. Wateja wa Mwahija wanalikalia kunywea chai. Selestine amekuja kuwafukuza akiwa amevaa tai.

Desemba 11

Mvua. Hatimaye.

Desemba 12

Mvua.

Desemba 14

Mvua. Selestine amekwama kwangu mchana kutwa, kwa hiyo nimepata Roma tena, lakini leo kulikuwa na jipya. Mwongozaji wao aliwasimulia jinsi obeliski ya uwanja wa Mtakatifu Petro ilivyosimamishwa mahali ilipo sasa. Watu mia kadhaa na farasi walikuwa kwenye kamba, na Papa wa wakati ule alitangaza kwamba atakayefungua mdomo kabla jiwe halijasimama atanyongwa.

"Kimya, Dada. Umati ule wote, hata chafya hakuna. Ndiyo maana lilisimama."

"Mwongozaji aliishia hapo?"

"Sijui. Mimi nilikuwa nimekwenda dukani kununua rozari."

Hakuishia hapo. Hadithi hiyo ina nusu ya pili, kila mwalimu wa historia anaijua. Inasemekana kamba zilipata moto zikaanza kukatika, na baharia mmoja akapiga kelele zimwagiwe maji. Zikamwagiwa, jiwe likasimama, na yule baharia badala ya kunyongwa akapewa baraka. Yaani kilichoiokoa obeliski ni yule aliyevunja kimya.

Sikumwambia. Nilifundisha watu wasiotaka kujifunza maisha yangu yote, na sasa nimestaafu.

Desemba 20

Kreni waliyoahidiwa imekwama kwenye matope njia ya Geita. Mwenye kreni anasema itatoka mvua zikiisha. Mvua zitaisha Aprili.

Desemba 25

Krismasi njema. Wali ulikuwa mbichi kidogo. Selestine alisali sala ya chakula kwa muda ambao wali ungeweza kuiva.

Desemba 29

Obeliski itasimamishwa Januari 6, Sikukuu ya Tokeo la Bwana, kwa mikono. Basumba wanakuja kutoka Samuye, fahali ameshapatikana. Selestine amemleta pia Luka, mchimbaji wa zamani wa Geita, mtu wa maduara, yale mashimo ya dhahabu, ambaye kazi yake ilikuwa kusimamisha matimba, magogo ya kuzuia udongo chini ya ardhi. Luka amesimamisha magogo matatu juu ya shimo, akayafunga kileleni na kuning'iniza kapi. Kuna kamba ya mbele ya kuvutia, na kamba ya nyuma ya kuyazuia magogo yasilale. Hiyo ya nyuma imefungwa kwenye kigingi kwenye kona ya ua wangu. Sikuombwa ruhusa. Mimi ni Misri.

Luka aliuchimbua udongo kwa kidole cha mguu, akamwambia Selestine, "Mwenyekiti, ardhi imelewa hii. Tungoje jua la siku tatu nne."

"Wageni wameshaalikwa," akajibu Selestine.

Januari 3

Sasa ndiyo amefika ukingoni. Amewakusanya basumba kwenye mgahawa wa Mwahija na kutangaza kwamba siku hiyo hakuna kuimba. Kama Roma. Kimya mpaka jiwe lisimame. Atakayefungua mdomo, kikundi chake kimekosa fahali.

Mayala alizungusha kikombe mezani muda mrefu.

"Mzee, sisi tunavuta kwa wimbo," akasema.

"Mtavuta kwa leso. Nikishusha leso, mnavuta. Ni mambo ya kitaalamu."

"Na bibi? Ulimwahidi."

"Bibi yako hatakuwepo, miguu inamsumbua. Liliimbiwa kutoka Samuye mpaka hapa, inatosha. Likishasimama mtaimba mpaka asubuhi."

Mayala alinitazama mimi. Nadhani alitegemea dada mkubwa, tena mwalimu, atasema neno. Nilitia sukari kwenye chai. Mtu anapochimba kaburi la heshima yake mwenyewe, kumnyang'anya jembe ni kumkatiza starehe.

Usiku nimecheka peke yangu nikifikiria ile leso.

Januari 5

Mvua kubwa alfajiri mpaka adhuhuri. Fahali amelala kwenye kipilefti, mtulivu kuliko kamati yote.

Januari 6

Nitaandika kwa utaratibu.

Manyunyu yalikuwepo tangu asubuhi. Watu walijaa barabara zote, malori yamesimamishwa mpaka njia ya Isaka, miavuli kila mahali. Selestine alikuwa amevaa suti nyeupe, ameinua leso juu. Mayala alikuwa chini, kwenye shimo, anashika kitako cha jiwe ili kiingie sawa. Kwa sababu yuko shimoni hakuweza kuwaongoza wenzake kwa macho, na kwa sababu amekatazwa kuimba hakuweza kuwaongoza kwa sauti. Mimi nilikuwa kwenye kona ya ua wangu, nimekaa kwenye stuli, hatua moja kutoka kwenye kigingi.

Leso ikashuka. Waliokuwa mbele wakavuta. Wa nyuma hawakuiona, miavuli iliwaziba macho, wakavuta walipohisi wenzao wamevuta. Kamba ikaenda kwa mishtuko. Jiwe likapanda kidogo, likatetemeka, likapanda tena. Umati ulikuwa kimya kabisa, kimya cha watu wenye adabu, na Kagongwa sijawahi kuisikia hivyo. Nilisikia mbuzi akitafuna.

Kila mshtuko ulikuwa unafika kwenye kigingi changu. Kwanza kilitikisika. Kisha udongo ukafunguka kukizunguka, maji yakajaa ndani ya ule ufa, na kigingi kikaanza kuinuka kidogo kidogo kama jino la mtoto. Nilikiona. Nilikitazama tangu mwanzo. Jiwe lilikuwa nusu ya safari, Luka alikuwa upande wa pili, na kwenye kona hii nilikuwa mimi peke yangu. Nilikuwa na muda wa kusema. Nilikuwa na muda wa kusimama, kukunja kitenge na kusema.

Nilifikiri hivi, nanukuu kichwa changu: acha lilale. Lilale mbele ya wageni wake, na suti yake nyeupe. Nilimtazama yeye, nikasubiri kuona sura yake itakavyobadilika. Shimoni sikutazama. Mayala sikumkumbuka kabisa, kama vile jiwe lingeangukia jina la mtu tu.

Kigingi kikachomoka. Magogo yakalala mbele, jiwe likageuka ubavu. Aliyepiga kelele kwanza, kabla ya Luka, kabla ya wanawake, alikuwa Selestine. "Mayala, toka." Alikuwa ameshatupa leso na anakimbia kuelekea jiwe wakati sisi wote tunalikimbia. Aliingia shimoni na suti ile, akamsukuma yule kijana kwa kichwa na mabega, akamtoa upande wa pili.

Mayala hana hata mkwaruzo. Jiwe limelala juu ya mguu wa Selestine, mdogo wangu wa tumbo moja.

Basumba walilinyanyua. Walijaribu mara mbili kimya, wakashindwa, wakatazamana. Ndipo Mayala akaimba. Likanyanyuka.

Januari 7

Wamekata mguu wa kulia, chini ya goti.

Januari 8

Mvua. Hospitali.

Januari 9

Mvua. Hospitali. Kamati imetuma kadi yenye picha ya maua. Hakuna aliyekuja.

Januari 12

Shangazi Limi amekuja kwa lori la mpunga, na miguu yake hiyo. Hakwenda kulitazama jiwe. Alikaa pembeni ya kitanda.

"Nani aliwanyamazisha watoto?" akauliza.

"Mimi, Shangazi," akasema Selestine. "Niliapa na nikavunja. Nisamehe."

Alisema hivyo hivyo, bila kujitetea, bila Roma. Mimi nilikuwa na hotuba nzima niliyoitunza tangu Novemba, juu ya wizi na wapumbavu, na nilihisi inaoza kooni.

Shangazi akamshika kichwa akakiweka kifuani. Kisha akasema, hakumtazama mtu, "Wewe umeshalipa. Lakini watu wote wale walikuwa na macho. Kigingi haking'oki kama radi. Aliyekiona akanyamaza, huyo asikanyage kwangu."

Mwahija, niliyekuwa nimekuja naye, akasema labda hakuna aliyeona, maana miavuli ilikuwa mingi. Nikasema ni kweli, miavuli ilikuwa mingi.

Januari 13

Jiwe bado limelala kwenye kipilefti. Malori yanalizunguka. Wateja wa Mwahija wamerudi kulikalia, na hakuna mwenye tai wa kuwafukuza.

Januari 16

Siandiki kitu kuhusu leo.

Januari 18

Luka alipita kung'oa kamba zake. Alikitazama kile kigingi, akaitazama stuli yangu iliyobaki palepale kwenye kona, akasema, "Kazi njema, Mwalimu." Ningependa angenitukana.

Januari 21

Leo Selestine amekaa kitandani bila kushikwa. Nilimpelekea uji wa ulezi. Anakula kama mtoto, anapuliza kila kijiko. Niligundua sijawahi kumtazama akila tangu tulipokuwa wadogo. Siku zote nilikuwa ninasubiri aseme ujinga.

Akaanza mwenyewe. "Dada, Mayala alikuja jana. Ameniambia wanataka kulirudisha Samuye kwa nyimbo, mvua zikipungua. Nimekubali."

"Vizuri."

"Jambo moja linanisumbua. Ile kona ulikuwa wewe." Akapuliza kijiko. "Nashukuru Mungu hukukiona kigingi. Ungekiona, ungekimbilia kukishika, nakujua. Kingekuua."

Nesi alikuwa anasukuma kitoroli kwenye korido. Nilisubiri apite. Nilikuwa na njia nyeupe mbele yangu, amenifagilia mwenyewe, yule ninayemwita mjinga tangu aliporudia darasa. Kazi yangu ilikuwa kuitikia kwa kichwa tu.

"Nilikiona," nikasema.

Akaacha kupuliza.

"Nilikiona kinaanza kung'oka. Nilikuwa na muda. Nilitaka uaibike."

Alimaliza uji wote, kijiko kwa kijiko, akalamba kijiko chenyewe, akanirudishia bakuli kwa mikono miwili kama tulivyofundishwa kumrudishia mkubwa. Nilidhani ataniambia niende. Nilikuwa tayari kwenda.

"Basi usimwambie Shangazi," akasema, akageukia ukutani kulala.